Joto la Kupandia Bukavu

Ashukuriwe Mungu, anayejua pumzi ya mzee na pumzi ya mtoto wa siku moja, aliyenifikisha umri wa kusahau mengi na bado akaniachia jambo hili likiwa jipya moyoni. Nalisimulia kwa shukrani, maana sina kingine cha kumlipa.

Uhuru ulipokuja, wamisheni wa kituo chetu karibu na Kiringye walivuka mto Ruzizi wakaenda Burundi. Gari lao waliliachia kanisa. Mimi nilikuwa mwinjilisti na mwalimu wa watoto, na katika kanisa letu ni mimi peke yangu niliyekuwa na ruhusa ya kuendesha, kwa hiyo likawa mikononi mwangu. Lilikuwa gari zee, lililotoka nchi ya theluji, na ndani yake, chini ya ubao wa mbele, lilikuwa na kitu ambacho wenyewe walikiita shofaji. Ni radiateri ndogo, ukubwa wake kama Biblia ya mimbarini. Maji ya moto ya injini hupita ndani yake, na feni hupuliza joto lake miguuni mwa wasafiri. Kwetu bondeni, ambako saa sita mchana hata mbuzi hugombania kivuli cha ukuta, kitu hicho kilikuwa cha kuchekwa tu.

Shofaji ile ilioza ikatoboka. Ukiendesha kidogo, maji ya moto yalidondoka miguuni mwa aliyekaa kulia, mvuke ukapanda, na kioo cha mbele kikawa cheupe kama kimepakwa chokaa.

Mwaka wa uasi, wapiganaji walikuja kulichukua gari. Wengi wao walikuwa vijana, na walikuwa wamenyunyiziwa maji ambayo waliambiwa yanazuia risasi, na maji hayo yalikuja na miiko mingi. Mkubwa wao alikaa mbele, bila viatu. Kabla hawajafika Lubarika maji yakammwagikia mguuni, na kioo kikafunga. Nilisimuliwa na wanawake waliokuwa shambani kwamba milango yote ilifunguka kwa pamoja, watu wakaruka nje, na mkubwa yule alikuwa akipiga kelele, "Hii motokari iko na dawa ya Waprotestanti!" Waliliacha katikati ya barabara. Tulikwenda kulisukuma hadi nyumbani tukiwa tunaimba, na sikumweleza mtu yeyote habari za tundu.

Jeshi la serikali liliporudi na waasi wakapanda milimani, shemeji yangu, kaka wa mke wangu, aliyekuwa fundi wa mashine katika kiwanda cha pamba, alinisaidia kulitengeneza. Alitengua zile tiyo mbili za mpira zilizokuwa zikipeleka maji kwenye shofaji, akaziunganisha kwa kipande cha bomba, kisha akaing'oa shofaji peke yake tukaitupa sandukuni. Maji yakawa yanazunguka bila kuingia ndani.

"Shofaji yako imekufa," aliniambia. "Tumeizika bila mahubiri, usikasirike."

Gari likatembea vizuri. Tulilisahau jambo hilo hadi mke wangu alipojifungua.

Mimba haikuwa imetimia. Mtoto alikuwa wa kike, mdogo kiasi kwamba mkunga alimfunga kwa pamba ya kiwandani badala ya nguo, na kilio chake kilikuwa kama cha kifaranga. Lakini alinyonya. Aliyetutisha ni mama yake. Kondo la nyuma halikutoka lote, na siku ya pili homa ikampanda. Mkunga wetu, mama mmoja mzee ambaye alikuwa amezalisha karibu nusu ya watu wa Kiringye, alitoka nje akanikuta nimesimama.

"Mwinjilisti, huyu mama anapaswa kufika kwa daktari. Huku chini daktari haiko. Iko Bukavu tu."

"Kesho asubuhi jeshi linasindikiza magari," nilisema. "Tutaingia katika msafara."

"Vema. Na mutoto?"

"Atabaki na wewe."

"Atanyonya nini? Minye iko na maziwa?" Alijipiga kifuani, na hata katika huzuni ile wanawake waliokaa pale walicheka. Kisha akashusha sauti. "Wataenda wote wawili. Lakini sikia. Hapa chini joto la Mungu linamutunza. Kule juu, ukipita Kamanyola, kuna ukungu na mvua. Mutoto kama huyu akipoa, anakwisha kimya kimya, hata halii. Mama yake anatetemeka, mara moto, mara barafu. Hawezi kuwa jiko la mutoto."

"Tutabeba chupa za maji ya moto."

"Zitapoa mbele ya nusu ya mulima. Na askari watakuacha usimame uchemshe zingine?"

Shemeji yangu alikuwa amekuja kumwona dada yake, naye alisikia yote. Alitazama gari, akanitazama mimi.

"Shemeji," alisema, "yule maiti wetu tungemufufua."

Tuliitoa shofaji ya zamani kutoka sandukuni tulikokuwa tumeitupa. Shemeji aliiziba upande mmoja kwa kidole, akaizamisha katika beseni na kupuliza upande wa pili. Mapovu yalitoka kila mahali. Alijaribu kuchomelea kwa risasi iliyoyeyushwa, na kila alipoziba tundu moja, joto la chuma lilifungua jingine kando yake. Shaba ilikuwa imekuwa nyembamba kama jani la mahindi makavu.

Hapo akakumbuka kwamba kwa mzungu mmoja, mkulima wa pamba, upande wa Mutarule, kulikuwa na gari la aina ileile. Mwenyewe alikimbia wakati mmoja na wamisheni. Tuliondoka mara ile kwa gari letu, tukiwa na ile shofaji mbovu ya kulinganisha, na njia nzima sikuweza kuomba zaidi ya neno moja: Bwana. Bwana. Bwana.

Nyumba ilikuwa imeporwa milango na mabati, lakini ua wake ulikuwa umefagiwa. Mzamu, yaani mlinzi wa pale, mzee mwenye rozari shingoni, alitoka na fimbo. Gari lilikuwa chini ya kibanda, limewekwa juu ya mawe, halina magurudumu wala viti, na bado lilikuwa limepanguswa vumbi. Nilimweleza haja yetu yote, mtoto, mama, mlima. Alinisikiliza hadi mwisho.

"Pole sana, ndugu," alisema. "Lakini motokari si yangu."

"Mwenyewe haiko, mzee," alisema shemeji.

"Ndiyo maana minye niko."

"Waasi walikula magurudumu, ukawaacha!"

"Wale walikuwa na bunduki. Weye iko na bunduki?" Alimtazama shemeji juu hadi chini. "Uko na bisibisi. Kwa bisibisi sikimbiake."

Shemeji alianza kupaza sauti, nikamshika mkono. Nilijua mtu wa namna hii. Nimefundisha uaminifu miaka mingi na nimeuona kwa watu wachache; sikuweza kuukanyaga kwa sababu tu siku ile ulinizuia njia. Nilimwambia, "Mzee, sitachukua kitu bila ruhusa yako. Ila nipe nafasi nikae kidogo." Nikakaa chini, naye akakaa. Kuku wake walipita miguuni mwetu. Mwisho akauliza:

"Nyinyi Waprotestanti, mutoto akifa bila ubatizo, munasema anaenda wapi?"

"Tunasema anaenda kwa Mungu."

"Sisi padri alitufundisha vingine." Alizungusha rozari yake vidoleni. "Huyo wenu amebatizwa?"

"Bado."

Alisimama akaenda kwenye gari, akachungulia chini ya ubao wa mbele kwa muda. Aliporudi, alikuwa amepata neno lake.

"Ile yenu iliyooza, iko wapi?"

"Iko garini kwetu."

"Basi. Mutoe hii, muweke ile mahali pake. Mufunge kila bulti. Nimeapa kwa bwana wangu kwamba akirudi atakuta hakuna shimo mu motokari yake. Ikiwa nzima ama mbovu, hakuniambia. Na akiuliza, sitamudanganya. Nitamwambia: Bwana, iko mutoto moja ulimupasha moto na motokari yako."

Shemeji alitaka kucheka, lakini alipoona uso wangu alikwenda kuchukua vifaa vyake.

Kazi ile ilikuwa nzito kuliko nilivyofikiri. Shofaji hufichwa ndani kabisa, kana kwamba walioitengeneza hawakutaka ionekane tena. Tulitoa kisanduku cha mbele ya abiria, tukatoa ubao wa chini, tukatoa mabomba ya hewa ya karatasi ngumu ambamo panya walikuwa wamezaa. Shemeji alilala chali, kichwa chini ya ubao, miguu imetokeza nje mlangoni, akiniomba spana humo humo:

"Mwinjilisti, nipatie kle ndogo. Si hiyo. Ndogo! Weye unajua Waraka kwa Warumi wote, kle haujue?"

Mzee alikuwa amevua kofia yake akaishika mbele yake kama kikapu cha sadaka, na kila bulti iliyotoka aliiweka humo. Shofaji ilipotoka tuliizamisha katika ndoo ya kisima chake. Shemeji aliziba, akavuta pumzi, akapuliza hadi mishipa ya shingo ikasimama. Maji yalitulia. Hakuna povu hata moja. Sote watatu tuliinama juu ya ndoo ile kama watu wanaotazama nyuso zao, na mzee akajifanyia ishara ya msalaba. Siku ile niliona ishara hiyo ni nzuri.

Jua lilikuwa limeanza kwenda, na shemeji alitaka tuiweke ile mbovu juu juu, bulti moja au mbili, tuondoke. "Dada yangu anaungua kule, na weye unafungia motokari iliyokufa!" Alikuwa na haki ya kusema hivyo. Lakini ahadi ilikuwa ahadi. Nililala chali mimi mwenyewe, nikafunga, naye mzee akanipa bulti moja moja hadi kofia ikabaki tupu. Kisha akaitikisa, akaivaa, akatushika mikono kwa mikono yake yote miwili.

Nyumbani tulitoa kile kipande cha bomba, tukaifunga shofaji ya mzungu mahali pake, tukazirudisha tiyo na kuzikaza kwa waya. Tulijaza maji, tukawasha injini. Ilibidi kuhakikisha, kwa hiyo tuliingia ndani, tukafunga vioo vyote, tukafungua joto lote. Fikirieni, jioni ya bondeni, ambapo watu wamekaa nje wakijipepea, na mwinjilisti na shemeji yake wamejifungia garini feni ikivuma, jasho linawatiririka hadi viatuni. Hewa ilinuka vumbi la miaka na panya. Watu walikusanyika. Mmoja aliuliza kwa sauti kama tumeapa kufunga kwa namna mpya. Mkunga aliwasukuma, akafungua mlango, akaweka kiganja chake mbele ya lile tundu la hewa, kisha akapapasa sakafu. Kiganja kilikuwa moto, sakafu ilikuwa kavu.

"Hapa sasa iko tumbo la mama," alisema.

Asubuhi tuliingia katika msafara. Mke wangu alilazwa nyuma juu ya godoro, mkunga kando yake, mtoto ndani ya kikapu miguuni pa kiti cha mbele, pale ambapo joto linatokea, na shemeji akikilinda kwa magoti yake. Hadi Kamanyola tulifungua vioo. Barabara ilipoanza kupanda, ukungu ukaja kama mkunga alivyosema, halafu mvua nyembamba ya baridi. Tulifunga vioo, nikafungua shofaji.

Katika barieri ya juu, kizuizi cha jeshi barabarani, askari mmoja alikuja kututazama. Koti lake lilikuwa limelowa, meno yanagongana. Aliingiza kichwa dirishani kuuliza hati, akasahau swali lake.

"Humu ndani iko moto!"

"Ni kwa ajili ya mtoto, afande," nilisema.

Aliingiza mikono yote miwili, akaipasha juu ya kikapu, akifunga macho. Akamwita mwenzake, naye akaleta mikono yake. Magari ya nyuma yalipiga honi.

"Ba-afande," alisema shemeji, "munakula joto la mutoto. Baridi inaingia."

Nilishikwa na hofu kwa neno lile, maana wakati ule watu walipigwa kwa dogo kuliko hilo. Lakini askari alitazama kikapuni, akaona kile kiuso kidogo ndani ya pamba, akatoa mikono yake haraka na kufunga kioo mwenyewe kutoka nje, kwa kukisukuma kwa viganja. "Pita, papa," alisema. "Pita upesi."

Tangu hapo nilisikiliza injini kwa sikio moja na kikapu kwa sikio la pili. Kila kona nilimuuliza shemeji, "Anapumua?" Naye alijibu, "Anapumua, angalia barabara." Mkunga kule nyuma alikuwa akimlowesha mke wangu midomo na kumsemesha asilale.

Tulifika Bukavu mvua ikinyesha bado. Hospitalini walimpeleka mke wangu moja kwa moja kwa daktari. Sista mmoja alichukua kikapu, akakiweka mezani, akafunua pamba. Aligusa nyayo za mtoto, akagusa kifua, akageuka na uso wa ukali.

"Nani amemfunika hivi? Mtoto anatoka jasho!"

Mkunga aliketi chini pale pale sakafuni akacheka hadi machozi, na shemeji akaegemea ukuta akiwa ameficha uso. Mimi nilitoka nje mvuani, kwa kuwa sikutaka kulia mbele ya watu wa hospitali.

Homa ya mke wangu ilishuka kidogo kidogo. Asubuhi moja nilimkuta ameketi, mtoto akinyonya, na kabla sijamsalimu akaniuliza kama Bukavu hakuna ndagala, wale dagaa wetu, maana wali wa hospitali ulikuwa umemchosha. Nikajua kwamba Mungu amenirudishia wote wawili. Nilikwenda sokoni mbio, kama kijana, kumtafutia ndagala.

Wewe unayesoma, Bwana akuhifadhi katika kila mlima unaokungoja. Akupe watu waaminifu njiani, na wale unaowapenda wafike wakiwa hai na wenye joto. Amina.