Kiu ya Kisimani

Ta-ta-ta-ta. Niliisikia mashine kabla sijaiona, mlio kama wa mbuzi wanaokimbia juu ya bati. Hata leo, cherehani ya jirani ikishika mwendo ule, pua yangu hujaa harufu ya ngozi mbichi.

Adeer Nuur, mdogo wake baba, alikuwa amefanya kazi katika gari la sinema la serikali. Mikanda mikuukuu iliyoamriwa itupwe aliificha katika ghala la ngozi, pale kwetu Garissa. Aliikata kwa wembe, akaikwaruza kwa mwiba wa mgunga mpaka anga la pichani likanyesha mistari, kisha akaiunganisha apendavyo: ngamia wakatapika maji, askari wakaandamana kinyumenyume. Ayeyo, bibi yetu, alimcheka.

"Wenzako wanakamua ngamia, wewe unakamua vivuli. Tutakunywa nini?"

"Njoo uone kwanza, mama."

Adhuhuri moja aliziba nyufa za ghala kwa mablanketi, akatundika shuka, akaanza kuzungusha mkono wa mashine yake ya sinema. Kikatokea kisima cha Elwak. Mwanamume mrefu akaja, fimbo mabegani, akaiweka chini, akainama, kiganja kikishuka kuelekea majini.

Kucha za Ayeyo zilinizama begani. "Wallahi, huyo ni baba yako."

Baba alikufa kwa kiu njiani kutoka Elwak kwenda Lafey, mimi sijaota hata meno. Sura yake nilisimuliwa tu. Sasa alikuwa mbele yangu, amevaa masikio yangu.

Kiganja hakikufika majini. Baba alikuwa anakuja upya, fimbo mabegani. Akainama. Akaja tena. Adeer alikuwa ameunga ncha mbili za mkanda, ukazunguka kama ngamia wa kinu cha simsim.

Kwetu mtu akitoka porini haulizwi habari kabla hajanywa, hata akiwa adui. Ayeyo alitoka mbio, akarudi na kibuyu cha maziwa, akakiweka chini ya shuka.

"Nuur, mwache ndugu yako anywe!"

"Hawezi, mama. Kipande hicho nilikikata, nikakichoma."

"Ulikichoma?"

"Akishakunywa anachukua fimbo, anaondoka."

Ayeyo alimtazama kana kwamba hamjui. "Kila swala namwombea Mungu amnyweshe. Wewe umemfunga kwenye kiu."

Nilimchukia Adeer kwa miaka mingi. Ilibidi niwe mtu mzima, nami nizike wangu, ndipo nielewe: njia aliyoishika baba baada ya kunywa ndiyo iliyomuua. Mdogo wake alikuwa akimzuia asianze safari, kwa mikono pekee aliyokuwa nayo.

Siku ile sikujua. Niliona tu mkono wa Adeer ukizidi kuzungusha, machozi yakimfika kidevuni, na baba akiinama juu ya maji. Ayeyo alijitanda shela, akayaacha maziwa palepale, akatoka, akaufunga mlango jua lisiingie.