Majina ya Timu B

Kwa miaka ishirini na sita mistari ya uwanja ule wa klabu ilichorwa na mwanamke mmoja. Kila Ijumaa asubuhi alikoroga chokaa kwenye ndoo, akafunga kamba kwenye vigingi viwili, akainama na brashi yake na kurudi kinyumenyume kutoka kona hadi kona. Akimaliza alikuwa mweupe hadi kwenye nyusi. Watu wakamwita Mama Chokaa, na jina likamganda hadi mumewe naye akalizoea. Ndiye aliyefagia ofisi, aliyeshona nyavu zilizotoboka, aliyefua jezi za wanaume zilizonuka jasho la wiki nzima. Tena ndiye aliyeandika daftari la uwanja, maana msimamizi aliyepaswa kuliandika alikuwa mvivu wa kushika kalamu. Hilo la daftari mlishike vizuri, kwa sababu ndilo lililomponza.

Alikuwa na miaka ishirini na mitatu, na mtoto wa miezi minne, alipokwenda kwa mwenyekiti wa klabu wa wakati huo kuomba saa mbili za Jumapili. Wanawake kumi na mmoja wa mtaani walikuwa wanataka kucheza mpira. Mwenyekiti alimsikiliza huku akichokonoa meno, kisha akasema haiwezekani, wanawake wataharibu nyasi. Nyasi! Nani aliyekuwa akizimwagilia maji alfajiri? Nani aliyeng'oa magugu kwa mikono wakati wa kiangazi, huku huyo mwenyekiti amelala chali nyumbani kwake? Mama Chokaa akasema haya mzee, akarudi ofisini. Akakaa mezani, akavuta daftari.

Kanuni ya daftari ilikuwa fupi. Hupati uwanja mpaka timu yako iandikwe humo pamoja na majina kumi na moja, na timu zenyewe ziwe za wanaume. Basi akaandika "Timu B ya Vijana", Jumapili, saa moja hadi saa tatu asubuhi. Chini yake akaandika majina ya kaka na waume zao. Mahali pa jina lake akaweka jina la kaka yake mwenye bucha. Msimamizi akagonga muhuri bila kusoma, kama kawaida yake. Jumapili iliyofuata, wanaume wa klabu wakiwa bado wanakoroma, wanawake kumi na mmoja walikuwa uwanjani.

Golini alisimama muuguzi wa zahanati. Katikati walicheza mwalimu wa darasa la kwanza na dada wawili wa kiwanda cha mikate, ambao walikuja moja kwa moja kutoka zamu na unga kwenye nywele. Beki wa kushoto alikuwa mke wa fundi baiskeli, mwanamke mkimya aliyevua viatu na kuvipanga pembeni kabla ya kila mechi. Huyo walimwita Komeo, kwa sababu upande wake hakupita mtu. Mbele kabisa alikuwa Mama Chokaa, na mguu wake wa kushoto ulikuwa moto wa kuotea mbali. Walicheza miaka kumi na moja. Waliwafunga wanawake wa kiwanda cha sabuni, waliwafunga wanafunzi wa uuguzi, wakachukua hata kombe la mitaa, nalo lilikuwa sufuria jipya lililofungwa utepe. Kila Jumatatu Mama Chokaa aliandika matokeo daftarini kwa mwandiko wake mzuri wa shule: magoli mawili, kaka yake. Goli moja, mume wa mwalimu. Walikuwa wakicheka mpaka machozi. Picha hawakupiga. Nani apige picha ya watu wanaojificha?

Baadaye wakubwa wa soka wakaruhusu timu za wanawake. Klabu ikapata mwenyekiti mpya, mtu wa suti, akaleta kocha na basi, akakata utepe mbele ya waandishi wa habari. Mama Chokaa alikuwepo. Alishika sinia la mkasi. Magoti yake yalikuwa yameshachoka kwa mpira, na akajiambia kwamba shida iko wapi, mradi mabinti wanacheza mchana kweupe. Alikaa kimya miaka kumi kwa ajili hiyo, wakati mabinti wakichukua ubingwa mara tatu.

Kisha ikaja sherehe ya klabu kutimiza nusu karne, na kitabu cha historia yake. Maboksi ya kitabu yalipofika aliambiwa ayapeleke stoo. Akayapeleka, akakaa juu ya boksi moja, akafungua lingine. Ukurasa wa arobaini na moja ulisema kwamba soka la wanawake klabuni lilianzishwa miaka kumi iliyopita na mheshimiwa mwenyekiti, kutokana na maono yake. Maono! Akafunua tena. Kurasa mbili mbele ilikuwepo sura nzima yenye kichwa "Timu B, Mashujaa Waliosahaulika". Majina yote kumi na moja yalikuwepo. Kaka yake alisifiwa kuwa mshambuliaji hatari kuliko wote katika historia ya klabu, magoli tisini na nne. Kaka yake! Mtu ambaye akivuka barabara tu anahema, ambaye shuleni alikuwa akiumwa tumbo kila siku ya michezo.

Alikwenda ofisini kitabu kikiwa wazi mkononi. Katibu alikuwa kijana wa miwani, mwenye adabu, mchapakazi, na ndiye aliyekiandika.

"Katibu mwanangu, hapa pana makosa. Timu B ilikuwa sisi."

"Nyinyi akina nani, Mama?"

"Wanawake. Mimi ndiye niliyefunga hayo magoli."

Katibu akatabasamu lile tabasamu la kumtuliza mgonjwa. Akaleta daftari kuukuu kutoka kabatini na kulifungua mbele yake kwa upole. "Mama, nimekaa na hili daftari miezi mitatu. Ona mwenyewe. Hakuna mwanamke hata mmoja humu."

"Mwandiko huo ni wangu!"

"Najua. Nimekushukuru ukurasa wa mwisho, pamoja na wapishi. Hata ukitaka niandike vingine, wewe mwenyewe ndiye uliyeandika hivi."

Alitoka pale. Alikuwa amekasirikia wenyeviti wawili na msimamizi mmoja, sasa na huyu kijana, ambaye naye alikuwa amemwonyesha mtu wa tano wa kumkasirikia: yule aliyeshika kalamu. Hakutaka kumtazama bado. Akaenda bucha.

Kaka yake alikuwa anakata mbavu. Ukutani, juu ya mizani, alikuwa ameshabandika barua ya mwaliko.

"Kaka, utawaambia ukweli?"

"Mdogo wangu, wamenitengea kiti meza kuu." Aliendelea kukata bila kuinua macho. "Wateja siku hizi wananiita Mshambuliaji. Nikikataa leo si nitaonekana tapeli?"

"Na sasa hivi wewe ni nani?"

Kaka akavuta karatasi. Akamfungia nusu kilo ya nyama asiyoiomba. Mama Chokaa akaiacha juu ya meza akaondoka.

Siku ya sherehe ukumbi ulijaa. Mabinti wa timu walikaa safu za mbele katika jezi mpya. Mama Chokaa alikaa nyuma na wenzake saba wa zamani, waliokuja kwa sababu aliwapitia mlango kwa mlango. Wawili walikuwa wamehamia mbali. Komeo alikuwa amefariki miaka sita iliyopita, na mumewe fundi baiskeli alikuwa safu ya tatu, katika suti ya kuazima, akingoja medali ya Timu B.

Kaka akaitwa wa kwanza. Ukumbi ukapiga makofi. Mwenyekiti akamvalisha medali, na Katibu akampa kipaza sauti asimulie goli la fainali. Kaka akalisimulia, tena vizuri, maana alikuwa ameshasimuliwa na dada yake mara mia: mpira ulivyotoka kulia, alivyomzunguka beki, alivyoupiga kwa kushoto. Mabinti wakashangilia. Hapo ndipo Mama Chokaa alipoinuka. Hakupanga kuinuka, hasira ndiyo iliyomsimamisha.

"Kaka! Saa ile mpira unaingia golini, wewe ulikuwa wapi?"

Watu wakageuka. Mwenyekiti akamnong'oneza mlinzi kitu. Kaka alisimama pale na kipaza sauti, akamtazama dada yake.

"Nilikuwa nyumbani," akasema. Sauti yake ilijaa ukumbi mzima. "Nilikuwa nimembeba mtoto wako. Alikuwa na homa ya meno, alilia kutwa."

Akavua medali, akaiweka mezani, akateremka.

Katibu, ambaye hakujua afanye nini, akafanya alichojua. Akasoma jina la pili. Mume wa mwalimu akamtazama mkewe kule nyuma, akabaki kitini. Jina la tatu, hakuinuka mtu. Akasoma yote hadi la kumi na moja, na fundi baiskeli alipotajwa aliinama kama aliyedondosha kitu. Medali kumi na moja zikabaki zimepangwa kwenye kitambaa chekundu. Mabinti wa timu walikuwa wameshawageukia wale wanawake wa nyuma, na nahodha wao akanyoosha kidole meza kuu, akauliza kwa sauti kuu, "Kwa hiyo hawa wote walitudanganya?" Mwenyekiti alikuwa anatafuta miwani yake.

Mwishowe Katibu akashuka mwenyewe hadi nyuma na kalamu na karatasi. Uso ulikuwa umemshuka. "Mama, nisamehe. Nitajie majina, nitaandika upya."

Hilo ndilo alilolitaka. Miaka yote alikuwa amelitaka hilo na hakuwa amethubutu kulisema hata kwa mumewe. Akavuta pumzi, akaanza na la kwake, polepole, ili yule kijana asikosee. Akataja la muuguzi. La mwalimu. Ya dada wa mikate, mmoja baada ya mwingine. Katibu aliandika kwa haraka, na mabinti walikuwa wamesogea wakisikiliza.

"Na beki wa kushoto?"

"Komeo."

"Jina lake hasa, Mama."

Mama Chokaa akalitafuta jina kichwani, halikuja. Akamgeukia muuguzi, muuguzi akamgeukia mwalimu, mwalimu akatikisa kichwa. Kwa miaka kumi na moja walimwita Komeo, na kwa miaka kumi na moja Mama Chokaa alimwandika kila Jumatatu kwa jina la mumewe, ambalo hata sasa angeweza kuliandika akiwa amefumba macho. Akatazama safu ya tatu. Kiti cha fundi baiskeli kilikuwa kitupu, alikuwa ameshajiondokea na aibu yake.

Katibu akaisogeza kalamu kwenye mstari. Kisha, kwa ile adabu yake, akauliza, "Basi kwa sasa niweke la mumewe?"

"Hapana!" Mama Chokaa alipiga kelele mpaka mabinti wakaruka. "Thubutu! Acha mstari wazi."

Katibu akaruka mstari mmoja, akashuka kwenye jina lililofuata. Mama Chokaa akaketi. Alikuwa na hasira kuliko siku ya nyasi, kuliko siku ya sinia la mkasi, na mtu aliyemkosea Komeo safari hii alikuwa yeye mwenyewe, aliyeketi kwenye kiti hicho.