Sakafu ya Mishumaa

Watu hupenda kusema eti Embu haikuwa na starehe mpaka disko zilipokuja. Hao hawajui kitu. Tulikuwa na ukumbi wa dansi wenye bendi yake, na kila Jumamosi sisi wasichana tuliisugua sakafu ya saruji kwa vipande vya mishumaa mpaka ikateleza vizuri, tayari kwa dansi ya alasiri.

Mama yangu, mwimbaji wa kwaya kanisani, aliapa kunitoa humo kwa fimbo. Siku moja alishuka kutoka Kibugu, moja kwa moja kutoka shamba la majani chai, gambuti zimejaa tope. Alifika mlangoni hasira zimempanda, akaona sakafu inavyong'aa. Mama hajawahi kuchafua sakafu ya mtu. Akavua gambuti, akazipanga kando, akaingia na soksi.

Hatua ya tatu akateleza. Aliserereka mpaka katikati ya wachezaji, fimbo ikaenda zake. Nilimdaka mkono, tukazunguka sote wawili, na bendi haikunyamaza. Nikangoja kofi. Mama akacheka mpaka machozi yakamtoka.

Bendi ilivunjika zamani, na ukumbi ule sasa ndio kanisa letu. Wametandika kapeti ukuta hadi ukuta. Jumapili iliyopita, kwaya ilipochangamka, mama, na uzee wake wote, aliniinamia sikioni.

"Waambie watoe hii kapeti," akasema. "Mishumaa nitaleta mimi."