Mzee Mwenye Unga Kichwani

Mume wangu ni mchekeshaji, na watu wakishalijua hilo hunitazama kwa wivu. "Jamani, wewe nyumbani kwako si ni kucheka tu asubuhi mpaka jioni?" Nawaangalia tu. Kucheka! Njooni Kibaha mmwone alivyokaa barazani na kalamu yake, uso umemkunjamana utadhani kaletewa habari za msiba, anatafuta neno moja la kumpa mzee wa kubuni ambaye hata hayupo duniani. Ukimsemesha hasikii. Ukimwekea chai inapoa. Siku moja mbuzi wa jirani alikula mchicha wangu wote mbele ya macho yake, naye anaandika. Nilipomfokea aliinua kichwa akaniuliza, "Mbuzi gani?"

Lakini nisiwe mchoyo wa sifa. Sijaona mtu anayeijua kazi yake kama huyu. Alianzia kwenye mabanda ya kuku, alikokuwa kibarua wa kulisha na kusafisha. Michezo yake ya kwanza aliiandika kwenye karatasi za mifuko ya chakula cha kuku, na watazamaji wake wa kwanza walikuwa vibarua wenzake, saa ya kula ugali. Baadaye wakaunda kikundi. Wakacheza kwenye harusi, kwenye mikutano ya hadhara, kwenye kumbi ambazo nusu ya watu wamelewa na nusu wanataka muziki urudi. Redio ikaja kumchukua, ikafuata mikanda ya video, ikafuata televisheni, na siku hizi vijana wanamkata vipande vipande wanarushiana kwenye simu. Wengi wa rika lake wameachwa njiani. Yeye dunia ikibadilika ananunua kalamu nyingine, basi.

Huwa ananisomea nikiwa jikoni. Nikicheka papo hapo, anafuta. Miaka ya mwanzo nilikuwa nasonya: sasa wewe mwanamume, si ndicho ulichotaka? "Umecheka upesi mno," ananijibu, "kesho utakuwa umesahau." Anachotaka yeye ni nisicheke, halafu jioni nikiwa nachambua mchele peke yangu niangue kicheko mpaka majirani waulize kulikoni. Hapo ndipo anapiga mstari chini ya maneno yake na kusema yamekubali.

Na wazee! Hakuna anayeandika na kuigiza wazee kama yeye. Kuna yule mbishi ambaye redio yake imeharibika, naye hakubali, anaigombeza tangu asubuhi eti imemnunia. Kuna yule anayekwenda kulalamika kwa mwenyekiti wa kitongoji, akifika anakumbuka kwamba mwenyekiti ni yeye mwenyewe. Watu wanacheka mpaka wanashika mbavu, lakini sijapata kuona mzee aliyeudhika. Wanamsimamisha pale Maili Moja, wanamshika mkono, wanamwambia, "Yule ni baba yangu kabisa." Kisha wanamuuliza huwapata wapi wazee wote wale, bila shaka kalelewa kwenye ukoo mkubwa. Anatabasamu, anauliza habari za watoto wao. Mimi ndiye ninayejua, na nililijua wakati ule ndoa yangu ilipotaka kufa kabla haijafungwa.

Mimi ni mtu wa Kisarawe, mzaliwa wa Kibuta, kwenye mihogo na mikorosho. Nilikuja Kibaha kukaa kwa shangazi nijifunze cherehani. Akanijia kijana mrefu mwembamba na kanzu mpya, nyeupe, haijavaliwa hata mara moja. Anataka niichane, kisha niitie viraka, kisha nishonee ndani kitambi cha matambara. Nikamkata jicho. "Kaka, mimi nashona. Sichani." Akanieleza kwamba ni ya mchezo, ya mzee, na mzee yule kitambi chake lazima kitangulie mlangoni kabla yake. Sikutaka kucheka. Nilicheka alipokwisha ondoka, nikiwa na sindano mdomoni, nusura niimeze.

Akawa haishi kuja. Leo kifungo, kesho kola. Shangazi akaanza kumwita mkwe. Na mimi, niseme ukweli, nilikwisha kufa nikaoza. Aliponitamkia habari za ndoa nilimwambia waziwazi, "Baba yangu si mtu wa mchezo. Kwetu kijana hajiposei. Walete wazee wako, waje na mshenga, wakae mkekani waseme na wazee wangu." Aliikunja kanzu yake, akaikunjua. Kisha akasema, "Nitawaleta." Nilijua ametoka bara, Muislamu mwenzetu, nikadhani wazee watapanda basi waje. Sikumuuliza zaidi.

Siku ya posa nilikuwa nimerudi kwetu Kibuta, niko chumbani, nyuma ya pazia, kama ilivyo ada. Mama kaandaa chai ya tangawizi na vitumbua. Baba kavaa koti lake la Idi. Wageni wakapiga hodi wakaingia: mshenga mwenyewe, kwa mavazi mtu mzima wa makamo, akimwongoza mzee mmoja mkongwe, kajikunja, mvi tele, ndevu nyeupe mpaka kifuani, anatetemeka na mkongojo. Nikachungulia kidogo. Kile kitambi. Ile kanzu. Mishono ile ni ya mkono wangu mwenyewe!

Loo, nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Mwanamume kaniletea kikundi! Hawa si wazee wake, ni waigizaji wenzake, wameiva kwa mchezo barabara, na kila neno wanalosema sebuleni namtambua mwandishi wake. Nifanye nini? Nikitoka kusema, nimejiharibia. Nikinyamaza, je wakibainika? Nikauma upindo wa khanga nikaomba Mungu wamalize upesi waende zao.

Na kweli walikuwa wazuri, wallahi. Mshenga alieleza habari za kijana wake kwa adabu hata mama akawa anaitikia kwa kichwa. Baba alianza kulegea. Nikaanza kupumua. Hapo ndipo alipoingia baba mkubwa, kaka yake baba, akitoka msikitini. Huyu hakujaliwa mtoto, na mali yake yote duniani ilikuwa heshima yake. Alikuwa akijivuna kwamba Kibuta nzima kabakiza mtu mmoja tu anayemzidi umri wa kumpa shikamoo, naye hasikii. Macho yake yalikuwa yamepungua nuru. Aliona mvi, akaona ndevu, akaona mkongojo. Akainama vizuri kabisa, akasema, "Shikamoo."

Yule mwigizaji angeweza kukohoa. Angeweza kujifanya kiziwi. Lakini alikuwa ndani ya mchezo, na mzee wa mchezo hujibu kama mzee. "Marahaba, mwanangu," akasema, tena kwa kuvuta. "Hamjambo na watoto?"

Basi akaletewa chai. Siku ile jua lilikuwa linawaka juu ya bati, humo ndani ni tanuri, na chai nayo ina moto wake. Jasho likaanza kumtoka kichwani, na mvi zile, kumbe ni unga wa ngano, zikageuka uji zikawa zinamteremka shingoni. Akainua kikombe. Mvuke ukaingia kwenye gundi. Masharubu yakang'oka upande mmoja yakaning'inia, kisha yakatumbukia kwenye chai.

"Toba!" mama akapiga ukelele. "Mzee anamwaga masharubu!"

Baba mkubwa akasogea karibu, pua kwa pua, akamtazama. "Wewe," akasema polepole, "una miaka mingapi?"

Maskini yule kijana akamtazama mshenga kama mtu aliyesahau maneno yake jukwaani. Mshenga akatazama dari. "Ishirini na tisa," akasema kijana. Kisha akaongeza kwa sauti ndogo, "Shikamoo."

Mama aliangua kicheko. Majirani waliokuwa dirishani walianguka chini. Mimi nilicheka huku nalia, maana nilijua ndiyo imekwisha. Baba hakucheka. Aliwafukuza na vitumbua vyao mkononi, akafungua pazia akaniambia, "Huyo mtu wako nisimsikie tena katika nyumba hii. Mimi si wa kufanyiwa mchezo kwenye mkeka wangu."

Lakini aliyeumia hasa ni baba mkubwa. Kutoa shikamoo kwa kijana wa kumzaa, na kuitikiwa "mwanangu" juu yake! Kijiji hakikumhurumia. Akipita njiani watu wazima na akili zao wanajikunja wanatetemeka na fimbo. Akaacha kwenda barazani. Akiswali anarudi moja kwa moja, anakaa uani kwetu, ananung'unika. Na mimi nilikuwa siongei na mtu. Mama ananibembeleza nile, nampa mgongo. Nilimkasirikia baba, nikamkasirikia baba mkubwa, na yule mwandishi wa Kibaha nilimkasirikia kuliko wote. Na bado nilimtaka. Nilimtaka mpaka naona aibu.

Akaja. Mchana kweupe, peke yake, kwa miguu kutoka barabarani, suruali imejaa vumbi jekundu. Hakuja na mshenga, wala mkongojo. Alisimama mwanzo wa ua akasalimu. Baba na baba mkubwa walikuwa wamekaa kivulini ukutani, wanabangua korosho. Mimi nilikuwa dirishani. Baba aliitikia salamu, maana salamu ni haki ya mtu, lakini hakusema karibu.

"Umekuja kumalizia mchezo?" baba akamuuliza.

"Haukuwa mchezo, mzee."

"Haukuwa mchezo! Mtu kapakwa unga, kaka yangu kamwamkia mtoto mdogo, unaniambia haukuwa mchezo?"

Mume wangu, wakati ule hajawa mume wangu, alijifuta uso. Watu wanaojua kumchekesha mtu wakati wowote huwa na neno tayari. Yeye alikung'uta vumbi la suruali. Akalikung'uta mpaka nikataka kupiga kelele dirishani: sema, sema chochote!

"Sina mzee," akasema. "Baba sikumwona. Mama alikufa nikinyonya. Bibi aliyenilea alifariki, nikaondoka bara nikaja huku. Sina baba mdogo, sina mjomba, sina hata mzee wa mtaa wa kunisemea, wenzangu wote ni rika langu. Ningekuja mwenyewe mngeniita mhuni. Wazee nilio nao ni wale ninaowaandika. Nikawaleta hao."

Jamani. Ile ghadhabu yangu yote ilinitoka. Nimeishi naye miaka mingi tangu siku ile, nimeona watu ukumbi mzima wanasimama kumpigia makofi, lakini sijamsikia tena akisema neno ambalo limenikaa moyoni namna ile.

Baba alitazama korosho zake. Naye aliguswa, nilimwona. Lakini baba ni mtu wa taratibu. "Pole, kijana," akasema. "Mungu awarehemu. Ila posa haiji bila mzee. Nimeikuta hivyo na sitaibadilisha mimi. Nenda."

Mume wangu akaitikia kwa kichwa. Akageuka kuondoka.

Baba mkubwa akaweka jiwe lake la kubangulia chini, akaanza kupapasa na mguu akitafuta kandambili, anaguna, analaani magoti. Akazipata. Akasimama, akatupita wote bila kututazama, akavuka ua polepole mpaka pale alipo yule kijana, akamshika mkono, akageuka akatukabili.

"Hodi hapa!" akaita.

Baba akakodoa macho. "Kaka, unafanya nini?"

"Hodi, nasema! Nyumba hii haina watu?"

"Kaka..."

"Mimi ni mgeni, nimefika na kijana wangu. Tumesikia hapa pana binti, na kijana wangu anamtaka. Mimi ndiye mzee wake. Kama kuna mkeka mtutandikie, na kama hakuna tutakaa chini. Lakini nimepiga hodi mara mbili, mdogo wangu, usinifanye nipige ya tatu."

Na hapo baba alipatikana, maana kaka yake ndiye aliyekuwa mkubwa wake tangu babu afe, na hajawahi kumgomea jambo. Alimtazama baba mkubwa, mtu ambaye kijiji kizima kilikuwa kinamcheka kwa ajili ya kijana huyohuyo. Akasogeza korosho zake pembeni.

"Karibuni," akasema.

Mume wangu alikuwa analia, machozi hayafichi, akataka kupiga hatua kuja ndani. Baba mkubwa akamvuta nyuma kwa ukali.

"Unakwenda wapi?" akamwambia. "Kaa nyuma yangu. Anayetangulia ni mzee wako."