Samaki Waliokosa Pumzi Siakago

Siku yangu ya kwanza kazini nilikabidhiwa chewa aliye hai, yule samaki wa baharini mwenye mdomo mpana, nikaambiwa nitafute kilichokuwa kikimuua. Nilikuwa msichana wa kutoka Meru, nimemaliza chuo, viatu vyangu bado vipya. Kwetu wakati huo samaki hakuwa chakula. Nyanya yangu alimwita nyoka wa mtoni, na baba aliposikia nimeajiriwa pwani kutibu samaki aliniuliza, "Kathure, yaani umesoma miaka yote hiyo uende kuangalia samaki mdomoni?"

Mkuu wa Maabara, mzee mwembamba wa Kiswahili aliyevaa kofia hata ndani ya nyumba, alisimama nyuma yangu. Nilimgeuza yule chewa, nikainua kifuniko cha shavu lake, nikatazama matamvua, zile nyuzi nyekundu ambazo samaki hupumulia.

"Waona nini, binti?"

"Sioni kitu, bwana."

"Hebu mtie katika lile beseni la maji ya bomba."

Nilimtia. Samaki wa bahari hapendi maji baridi yasiyo na chumvi, lakini anaweza kuyavumilia kidogo. Wanaomnyonya hawawezi. Baada ya muda mfupi maji yalianza kujaa vitu vyeupe mfano wa vipande vya kucha, vikidondoka kutoka kwenye ngozi na chini ya mashavu. Vilikuwapo tangu mwanzo. Nilikuwa nimevishika kwa mikono yangu bila kuviona, kwa kuwa mwili wa mnyoo huyu huwa kama kioo mpaka atakapokufa. Niliruka nyuma nikagonga meza.

"Minyoo bapa," alisema Mkuu wa Maabara bila hata kutabasamu. "Kuanzia leo ndio wenyeji wako."

Aliniwekea mmoja chini ya hadubini. Nyuma ya mwili wake kulikuwa na sahani ya kujishikizia, na katika sahani hiyo kulabu zilizopinda, zimezama katika nyama ya samaki. Mbele kulikuwa na mdomo wa kula ngozi na ute. Nilisahau hata kufumba jicho lile jingine. Sikujua kwamba kitu kidogo namna ile kinaweza kuwa na silaha nyingi hivyo.

Ninyi vijana mnaoanza kazi hii sasa mna mashine za kusoma chembe za urithi. Sisi tulikuwa na kisu kidogo, kioo na macho. Tulijifunza kwamba mnyoo wa matamvua huishi juu ya samaki maisha yake yote, haendi kwa konokono kama ndugu zake wa kichocho. Hutaga mayai yenye uzi mrefu unaonasa kwenye nyavu na majani. Akiwa mmoja wawili, samaki hajali. Samaki wakisongamana, minyoo huongezeka mpaka matamvua yanageuka rangi na kujaa ute, na samaki hufa kwa kukosa pumzi huku amezungukwa na maji.

Baadaye nilihamishiwa Embu. Afisa wa Uvuvi wa Wilaya alikuwa mtu mnene, mkali, mwenye suti ya kaki iliyopigwa pasi ikanyooka. Hatukuwahi kumsikia akimwomba mtu radhi. Siku niliporipoti alinitazama juu hadi chini.

"Madam, hapa hatuna bahari. Hiyo minyoo yako ya Mombasa utaitoa wapi?"

"Hata samaki wa mabwawa wana minyoo ya matamvua, bwana. Ni ndugu wa wale. Hawa tunawaua kwa maji ya chumvi."

"Mimi nataka samaki, sitaki minyoo," akasema, na mazungumzo yakaishia hapo.

Ilikuwa miaka ile serikali ilipohimiza watu wachimbe mabwawa. Kila kikundi cha akina mama kilitaka vifaranga vya tilapia, na stesheni yetu ya kuzalisha ilikuwa ikivitoa mbio mbio, mifuko ya nailoni ikijazwa maji na kupakiwa kwenye gari hata kabla chai haijapoa. Kanuni ilikuwa kila kifaranga kioshwe kwanza katika maji ya chumvi. Mimi nilikuwa na kazi ya mashambani, si ya stesheni, nikaamini kanuni inafuatwa.

Asubuhi moja Chifu wa upande wa Siakago alipiga simu ofisini. Sauti yake ilikuwa ya mtu anayekimbia. "Kujeni haraka. Samaki wa akina mama wanakufa, na watu wanataka kuchoma mzee."

Afisa wa Uvuvi aliingia kwenye Landrova mbele, mimi nyuma na hadubini yangu mapajani, ile ya kioo cha kukusanya mwanga wa jua, maana kule hakukuwa na stima. Tuliteremka kutoka kwenye mashamba ya majani chai mpaka nchi kavu ya Mbeere.

Tulikuta umati kando ya bwawa. Maji yalikuwa meupe kwa matumbo ya samaki. Wale waliokuwa hai bado walijazana pale maji yanapoingilia, midomo juu, wakitweta. Juu kidogo ya bwawa palikuwa na boma la Mzee Ireri, mkulima wa ndengu aliyegombana na kikundi hicho miezi mingi juu ya mfereji wa maji. Ghala lake lilikuwa limeshachomwa, bado likifuka moshi. Yeye alikuwa ameketishwa kwenye stuli uani, shati limechanika, tairi la gari limelazwa miguuni pake. Chifu na askari mmoja walikuwa wamesimama kati yake na watu, nao wawili hawangetosha. Mke wake, Mama Ruguru, alikuwa mlangoni. Hakulia.

Niliwatambua wengine katika umati ule. Walikuwa wamenikaribisha chai, wameniombea safari njema. Mmoja wao sasa alishika chupa ya petroli.

Mwenyekiti wa kikundi, Mama Marigu, alinijia. "Madam, hii samaki tulikuwa tuuze wiki hii, watoto warudi shule. Huyu mzee ameiwekea sumu! Jana ameonekana akiosha pampu ya dawa huko juu!"

"Niliosha pampu, ndio," Mzee Ireri aliita kutoka kwenye stuli. "Lakini niliosha kwa karai, nikamwaga kwa shamba!"

"Nyamaza!" wakamjibu wengi.

Nilipiga magoti ukingoni. Ndani ya maji niliona viluwiluwi wa chura wakicheza. Wadudu wa maji walikuwa wakiteleza juu kama kawaida.

"Mama Marigu, angalia hapa. Dawa ya kuua wadudu ingeanza na hawa wadudu. Wako hai. Nipe samaki mmoja anayepumua bado."

Alinipa. Nilikiinua kifuniko cha shavu mbele yao wote. Badala ya wekundu wa damu, matamvua yalikuwa ya kijivu, yamefunikwa na ute mzito kama uji wa jana. Nilikata kipande, nikakiweka kwenye kioo, nikapanga hadubini juu ya boneti ya Landrova na kuelekeza jua. Kisha nilitazama.

Miaka yote ya kazi yangu sijaona tena kitu kama kile. Hapakuwa na mahali patupu. Minyoo walikuwa wamebanana, wakinyooka na kujikunja, kila mmoja na kulabu zake zimezama, wakitafuta mahali pa kuhamia kwa sababu kile walichokuwa wakikila kilikuwa kimeisha.

"Tazama," nikamwambia Mama Marigu.

Aliinama. Alipiga yowe hata walio mbali wakashtuka. "Uuui! Zinatembea! Ngai, zinatembea na ziko na kucha!"

Wakaja mmoja mmoja. Yule wa petroli aliiweka chupa chini ili apate kuinama, nami nikaona askari akiisogeza polepole kwa mguu. Nilitia samaki wachache katika beseni la maji ya chumvi, na baada ya muda walianza kupumua kwa utulivu. Nilidhani tumemaliza. Ndipo kijana mmoja akauliza kwa sauti, "Na nani aliweka hizo minyoo? Si ni yeye tu?"

Umati ukageuka tena kumtazama Mzee Ireri.

"Ni sisi."

Alikuwa Afisa wa Uvuvi wa Wilaya. Alikuwa amevua kofia, suti yake ya kaki imeloa jasho.

"Vifaranga vilitoka stesheni yetu," akasema. "Vilitakiwa vioshwe kwa chumvi kabla ya kuletwa. Mimi ndiye niliamuru viletwe bila kuoshwa, kwa sababu nilisukumwa nitoe vingi haraka. Mzee huyu hajui chochote. Kosa ni langu."

Kama ardhi ingepasuka nisingeshtuka zaidi. Mtu yule alikuwa na kila njia ya kunyamaza. Hakuna hata mmoja pale ambaye angejua, nikiwemo mimi.

Mama Marigu alimkaribia mpaka wakawa uso kwa uso. "Kwa hivyo tukuchome wewe?"

Hakurudi nyuma. "Mimi niko hapa, mama."

Nilisikia ghala likipasuka-pasuka kwa moto uliobaki. Kisha Mzee Ireri akainuka kutoka kwenye stuli, akaliruka lile tairi, akapita katikati ya watu waliokuwa wamekuja kumuua, nao wakampisha.

"Kama mmemaliza na mimi," akasema, "nataka kuona hako kadudu."

Aliinama juu ya hadubini, akakaa hapo kitambo kirefu. Alipoinuka macho yake yalikuwa mekundu.

"Ni kadogo hivi," akasema. "Na ndiko mlikuwa mnaniulia."

Mama Marigu aliketi chini vumbini, akajifunika uso kwa leso. Watu walianza kuondoka bila kuagana, wengine wakiliacha bwawa kwa upande wa pili wasipite karibu na boma lake.

Tuliwaokoa samaki wachache kwa chumvi. Bwawa tulilikausha, tukalimwagia chokaa, tukaliacha juani mpaka udongo ukapasuka, ndipo tukaleta vifaranga vilivyooshwa mbele ya macho ya akina mama wenyewe. Walimjengea Mzee Ireri ghala jipya. Alilipokea, lakini hakuwasalimia mpaka mvua kadhaa zilipopita. Afisa wa Uvuvi alihamishwa na kushushwa cheo. Siku ya kuondoka alinipa mkono na kusema tu, "Madam, hiyo minyoo yako."

Mimi nilimalizia kazi Meru, kwenye mito ya baridi inayotoka mlimani, nikihudumia samaki aina ya trauti. Huko nilikutana na mnyoo mwingine anayezaa badala ya kutaga, na mtoto aliye tumboni mwake naye tayari ana mtoto tumboni. Nilikuwa karibu kustaafu, na bado nilimwita karani aje athibitishe kwamba sijachanganyikiwa.

Sherehe ya kuniaga ilifanyika katika hoteli moja pale Makutano. Mkurugenzi wa Kaunti alitoa hotuba ndefu. Ilipokwisha niliona mama mzee ameketi nyuma, amevaa kitambaa cha kanisa. Alikuwa Mama Ruguru, amesafiri kutoka Siakago na mfuko wa ndengu.

"Mzee yuko?" nikamwuliza.

"Yuko nyumbani, analalamika magoti." Alicheka, kisha akanivuta pembeni, mbali na spika. "Madam, kuna kitu sijawahi kuambia mtu. Ile siku nilikuwa nimesimama mlangoni, unakumbuka?"

"Nakumbuka."

"Sikulia. Watu walifikiri niliogopa." Alinishika mkono, akaubana. "Hata mimi nilikuwa nimeamini ni yeye."

Muziki ulikuwa umeanza, watu wakituita tukate keki.

"Hajui," akasema. "Na kila asubuhi ananiletea maji ya kuosha uso."