Ubeti wa Mama Kwenye Kaseti

Juzi mjukuu wangu anayeishi mtaa wa Tassia alikasirikia wimbo aliourekodi kutoka kipindi cha runinga, kwa kuwa watu walishangilia juu yake. "Guka," aliniita mimi babu yake, "skia hii makelele! Sisi mashabiki tunataka sauti safi." Nilimwelewa kuliko alivyodhani.

Nilipokuwa mtoto, alasiri moja kwaya ya kanisa letu ilionyeshwa kwenye runinga, na mama alikuwa na ubeti wake peke yake. Tulijazana kwa jirani, Mama Wambui, pale mtaani Kariokor, katika harufu ya ngozi za mafundi viatu. Niliegemeza redio ya kaseti kwenye spika ya runinga ili nirekodi, nikawaomba wote wanyamaze. Mama alipoanza, Mama Wambui akapiga vigelegele. "Amina! Imba, dada!"

Sikujua kwamba kipindi kilikuwa kimerekodiwa mapema. Niliamini mama anatusikia kutoka huko na atakatiza wimbo. Nikafoka, "Nyamazeni! Mnamharibia!" Walicheka, nami nikazidi kufoka huku nikilia.

Mama alifariki kabla hajarekodiwa tena. Majirani niliwasamehe zamani, na Mungu ninamshukuru kwa mengi. Lakini kila nikiicheza kaseti ile hasira hunipanda upya. Vigelegele hupita upesi. Sauti inayomfunika mama mpaka mwisho wa ubeti ni yangu.