Jibu la Jumapili Iliyopita

Nimefanya kazi nyingi zisizodumu. Nimebeba vitunguu Mang'ola, nimechunga ng'ombe wa watu huko juu Ngorongoro, na msimu mmoja mzima nilikaa Digodigo nikifungulia maji mashamba ya wengine. Shule niliiacha darasa la sita, lakini kuuliza maswali sikuacha. Ndiyo maana nilipomkuta mama mmoja hapa Karatu, nyuma ya saluni, akiwaamuru watu wazima watembee juu ya mstari wa chaki, nilisimama nimuulize wanafanya nini. Mpaka leo sijaondoka.

Mama huyo aliongoza kikundi cha maigizo. Zamani alifua mashuka katika hoteli moja ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro. Mgeni mmoja mzee, Mmarekani, aliugua akalala pale wiki mbili, na kila alipobadilishiwa mashuka alimsimulia habari za bibi yake. Bibi huyo, miaka mia na zaidi iliyopita, aliongoza waigizaji katika mji mdogo wa kwao. Waigizaji walewale, jukwaa lilelile, na kila wiki mchezo mpya. Jioni wanaonyesha huu, asubuhi wanajifunza ule unaofuata. Hakuna aliyepewa mchezo mzima. Kila mtu alipata kikaratasi chenye maneno yake tu, na kabla ya kila jibu, maneno machache ya mwisho ya mwenzake, ili ajue zamu yake imefika.

"Nikasema, kumbe!" alituambia. "Karatasi hatuna, muda hatuna. Sawasawa na wao."

Yale maneno machache tuliyaita mkia. Ukisikia mkia, unajibu, hata kama hujui hadithi inaelekea wapi. Mchezo mzima ulikuwa katika daftari moja, nami ndiye niliyelishika, nimekaa nyuma ya pazia nimnong'oneze aliyesahau. Kila mtu alikuwa na nafasi yake isiyobadilika. Mkulima mmoja wa Buger, mwenye sauti nzito, alikuwa baba katika kila mchezo. Msusi wa ile saluni alikuwa binti. Dereva wa bodaboda alikuwa mtu mbaya, na sokoni akina mama walikataa kupanda pikipiki yake.

"Wewe si ulimpokonya mjane shamba juzi?"

"Mama, lile lilikuwa igizo!"

"Igizo, na uso huo?"

Mwenye uwanja ule wa nyuma ya saluni alipoanza kujenga, tukakosa pa kuchezea. Mzee mmoja wa kanisa kule Endabash akatupa nafasi ya kujaribu katika ukumbi wao.

"Onyesho moja," alisema. "Watu wakipenda, ukumbi ni wenu kila Jumapili baada ya ibada. Wasipopenda, naweka mahindi yangu." Na kweli, magunia yalikuwa tayari yameegemezwa ukutani, nje.

Mwongozaji wetu hakutuficha. "Tukikosa hapa, kila mtu ashike jembe lake. Mimi nitarudi kwenye mashuka."

Mchezo wa siku hiyo ulihusu baba anayemlilia binti yake aliyepotea. Mkulima wetu alilia vizuri mpaka bibi mmoja wa benchi la mbele akamwambia, "Pole, baba." Kisha msusi akaingia na kifurushi, akapiga magoti. "Baba, nimerudi."

Hapo alitakiwa kumkumbatia. Lakini Jumapili iliyotangulia, katika mchezo mwingine kabisa, binti aliingia kwa maneno hayohayo, na baba alimfukuza. Mkulima aliusikia mkia, akajibu jibu la Jumapili iliyopita.

"Umerudi kufuata nini? Mlango huu hukuuacha wazi!"

Msusi akageuka kuangalia pazia, macho yamemtoka. Lakini mdomo wake ulikuwa umeshaufuata mkia wa wiki ile. "Nimefuata nguo zangu."

"Nguo zako nimezichoma!"

"Si ndiye aliyekuwa analia sasa hivi?" mtu akauliza kwa sauti, na watu wakacheka. Yule mzee wa kanisa hakucheka. Nilinong'ona mpaka koo likakauka. Mkulima hakusikia. Katika mchezo ule wa wiki iliyopita yalibaki majibu mawili tu, kisha baba afunge mlango, binti aondoke zake, na mchezo wetu ufie katikati.

Mwongozaji alikuwa amesimama kando yangu. Hakuliangalia daftari. Alifumba macho kidogo, akajifunga kanga, akachukua ndoo tuliyotumia kunyunyizia sakafu maji, akaingia jukwaani. Aliingia kama jirani, ingawa katika mchezo wetu hapakuwa na jirani yeyote. Akaitua ndoo.

"Jirani, jana ulikuwa unalilia nini mpaka sisi majirani tukashindwa kula?"

Mkulima akabaki mdomo wazi, maana mkia wa namna hiyo hakuwahi kupewa. Mwongozaji akamsogelea, akasema polepole, "Mtoto amekuja kwa miguu. Mama yake angekuwepo, angesemaje?"

Ule ulikuwa mkia. Wa mchezo wetu wa siku ile, kurasa mbili mbele, ambao ulikuwa wa msusi kuusema. Jibu likamtoka mkulima lenyewe. "Angesema, keti mwanangu, miguu yako ina vumbi." Akamwinua binti, akamkumbatia. Baadaye aliniambia ndipo alipokumbuka ni Jumapili ipi. Kwenye mabenchi, akina mama walikuwa wanajifuta macho kwa ncha za vitenge.

Mimi nilikuwa na daftari mapajani, limefunguliwa, na ukurasa wenyewe nilikuwa bado sijauona. Yeye, kwa pumzi moja, aliipitia michezo miwili kichwani akaona njia moja tu ya kuwarudisha watu wale. Nimelala milimani na tembo wakipita karibu, sikushangaa hivyo.

Watu walipotoka, mzee wa kanisa alimjia mwongozaji wetu bila kutabasamu.

"Yule baba," alisema. "Kugomba kwanza, halafu kulainika. Hivyo ndivyo tulivyo sisi. Nani alikufundisha?"

"Ni kazi tu, mzee."

Akawaita vijana wa kwaya wayapeleke magunia nyumbani kwake. Kisha akauliza, "Jumapili ijayo mnacheza nini?"

Mwongozaji akamjibu bila kusita. Ndugu wawili, shamba la vitunguu saumu, na mama anayejifanya kiziwi ili ajue ni nani anayemsema vibaya. Mzee akacheka mpaka akashika ukuta. Nilifunua daftari kutoka mwanzo hadi mwisho. Mchezo huo haukuwemo.

"Kalamu unayo?" mama aliniuliza tulipofika barabarani. "Haya, andika huku tunatembea."